Fundi Bujiku na Saa Alizomchota Maniben

Msinianze. Kila mgeni anayepita Nyahanga akisikia mimi ndiye mjane wa fundi Bujiku, hunisogelea na kuninong'oneza: "Mama Sikujua, eti ni kweli mzee alikuwa mchawi?" Mchawi! Mchawi gani anayenyimwa ugali na mkewe akalala na njaa, asifanye lolote? Herman Bujiku alikuwa fundi saa. Tofauti yake na mafundi wengine ni kwamba wao walitengeneza saa, yeye akautengeneza muda wenyewe. Kama huo ni uchawi, basi hata anayetia maji kwenye maziwa ni mchawi, na hao mnawajua kwa majina.

Sasa kaeni niwaeleze mara moja, msirudi kunisumbua tena. Nitasema yote pamoja na aibu yake: jinsi mume wangu alivyochota saa za mama mmoja wa Kihindi, Maniben, bila kumwomba ruhusa, zikatumika zikaisha, na ikabidi zilipwe kabla mwanawe hajapanda basi akaenda zake. Zisingelipwa, mama yule na mwanawe wangeagana pasipo kuonana.

Herman alizaliwa Ushetu, kwenye tumbaku, akaikimbia tumbaku akaenda Geita mgodini. Kule kazi yake ilikuwa kutunza saa za ofisi na king'ora cha kubadilisha zamu. Alikuja likizo moja akanioa, akaniacha hapa Nyahanga kwa mama yake, aliyekuwa amehamia huku, akarudi zake Geita. "Nitakuja wakati wa mavuno," akasema. Mavuno ya mwaka gani, hakusema. Mgodi ulipofungwa, wenzake walirudi makwao na magodoro kichwani. Wangu akapitia Bugarama kwa wachimbaji wadogo, "kuona tu". Akaona miaka. Mimi huku nalima, namlea Sikujua, nyumba inavuja, na jioni nakaa kizingitini natazama barabara. Mama mkwe ananiambia subira yavuta heri. Mimi namjibu kimoyomoyo: na ngoja ngoja huumiza matumbo, mayu. Siku aliporudi, alikuja na kifuko cha bisibisi na kikohozi. Dhahabu hata ya kujazia jino hakuwa nayo. Nilimpikia, akala, akashiba, ndipo nikamgombeza mpaka jirani akaja mbio kuuliza nani amefariki.

Herman akapata nafasi ya kuweka meza yake barazani kwa Kanji, mwenye duka la nguo na sufuria, kwa sharti la kumtunzia bure saa yake kubwa ya ukutani. Hapo ndipo mambo yalipoanzia.

Mnaukumbuka mwanzo wa miaka ya themanini? Msiokumbuka, ulizeni mama zenu. Sukari foleni, sabuni foleni, khanga foleni, na usipoangalia unajipanga kabla hujajua kinauzwa nini. Duka la ushirika lilikuwa ng'ambo ya barabara, likitazamana na meza ya Herman. Siku moja akaniita nilipokuwa kwenye foleni. "Mama Sikujua, hebu njoo uone kitu." Nikaweka kikapu changu kinishikie nafasi, nikaenda. Juu ya meza palikuwa na springi ya zamani aliyoitoa kwenye saa ya Kanji. Mtu wa kwanza kwenye foleni akapiga miayo. Springi ikajikaza. Wa pili naye akapiga, maana miayo huambukiza. Springi ikajikaza tena. Ilipofika kwa yule mzee wa kumi na kitu, aliyepiga miayo mpaka taya likalia, springi ikaruka mezani ikaanguka chini.

"Umeona?" akaniuliza, macho yamemtoka. "Muda wao wanaoupoteza haupotei. Unakuja huku."

"Na sukari je, inakuja huku?" nikamuuliza. Alikuwa ameshaanza kutafuta kopo.

Akaifunga ile springi ndani ya kopo la maziwa ya unga, akatia na vigurudumu vyake na kifuniko cha kuzungusha. Kesho yake akapita na kopo lile kando ya foleni, mwanzo hadi mwisho, akiamkia watu shikamoo kwa adabu zote. Jamani! Mimi mwenyewe nilikuwepo. Nilikuwa nimejipanga asubuhi, nimeinama kufunga kamba ya kiatu, nilipoinuka naambiwa mama, lete kikapu chako. Jua lilikuwa utosini na miguu haikuniuma. Foleni nzima ilitawanyika ikicheka, kila mtu na sukari yake.

Huo ndio ulikuwa ufundi wake: ukichotwa, husikii kabisa kwamba ulingoja. Na yeyote atakayefunguliwa kopo anapata saa za ziada. Mkulima wa Ushetu ambaye mvua imemkuta tumbaku iko nje, anafunguliwa kopo, anaingiza majani yote bandani na wingu bado limesimama linamtazama. Mchimbaji wa Bugarama ambaye maji yanaingia kwenye duara lake, yaani shimo lao lile wanaloshukia, anafungua kopo, anapanda kamba polepole kama mtu anayetoka kanisani. Malipo yalikuwa kuku, mpunga, mara nyingine asante. Asante alizipokea nyingi mno kwa mawazo yangu.

Halafu akaja katibu kata mmoja, jina lake nalimeza, mpenda hotuba kuliko chakula. Wanakijiji wakamlipa Herman mtama achukue kopo mkutanoni. Katibu akapanda jukwaani asubuhi, akashuka mchana, na watu wote wakampigia makofi ya kweli wakamsifu kwa kusema kwa kifupi. Alikasirika! Kwa kifupi? Yeye? Akapanda tena akaanza upya kuanzia salamu. Kopo lilijaa siku ile mpaka likawa linatetemeka.

Saa zile nazo zikaisha, na tabu ilianza watu walipochoka kukaa foleni wakawa wanaweka mawe. Mnajua ule mtindo: unaweka jiwe lako lishike nafasi, unarudi nyumbani kupika, na jiwe la mtu liliheshimiwa kama mwenyewe. Herman alipita na kopo kwenye foleni ya mawe asubuhi nzima akarudi na kopo tupu. Nilicheka nikakaa chini. "Baba Sikujua, wafundishe kwanza kupiga miayo." Yeye hakucheka, kwa sababu alikuwa ameshaahidi.

Alimwahidi Mihayo. Mihayo alikuwa manju wa Bagalu, na kila Msukuma anajua Bagalu na Bagika hawachezi ngoma pamoja ila kwa kushindana. Wanaingia uwanja mmoja, kila kundi upande wake, na jua linapozama wenye watazamaji wengi ndio washindi. Basi ngoma ya Mihayo ilikuwa na ugonjwa: huchelewa kukolea. Ikishakolea tu, jua linazama, na watu wote wako kwa Bagika. Alishindwa mavuno yale, akashindwa na yaliyofuata, na mke wake alikuwa ametoka ukoo wa Bagika, kwa hiyo hata nyumbani hakupumua. Akamwambia Herman: "Nisimamishie jua kidogo tu. Nitakupa ndama." Ndama! Mume wangu alishaanza kutafuta jina la kumpa.

Kopo tupu, mawe hayapigi miayo, siku ya ngoma inakaribia. Ndipo jicho lake likamwangukia Maniben.

Maniben alikuwa mke wa Kanji, mama wa makamo anayeelekea uzee, mpole, na Kiswahili chake alikisema taratibu akichagua maneno. Mwanawe wa pekee, Ishwarlal, aliondoka miaka ile Wahindi wengi walipoondoka, akaenda Uingereza, akasema atarudi akishatulia. Tangu hapo kila alasiri Maniben alitoka na kiti chake barazani, hatua chache kutoka meza ya Herman, akaweka vikombe viwili vya chai, kimoja chake na kimoja cha mwanawe, akatazama barabara linakotokea basi la Isaka. Basi likipita bila mtu wake, aliinywa ile chai ya pili ikiwa imepoa, akaingia ndani. Hakulalamika. Mimi nilikuwa nikipita namsalimu, tunatazamana. Hakuna haja ya maneno baina ya wanawake wawili waliokwisha kuitazama barabara moja.

"Usimguse yule," nilimwambia Herman nilipoona anavyomkodolea macho. "Hapigi miayo."

"Anahema," akasema. "Nimesikiliza. Anahema kwa nguvu, mama Sikujua. Na isitoshe nitakuwa namsaidia. Namtua mzigo."

Wanaume! Mzigo wa mtu unautua bila kumuuliza kama ameuchoka? Lakini alishaona ndama. Alasiri ile akamwendea, "Shikamoo mama," akajifanya anatengeneza mguu wa kiti, akaliacha kopo uvunguni. Maniben akaitazama barabara akahema. Springi ikajikaza kwa mlio, kopo likaruka likagonga kiti. Akahema tena, mara ya mwisho. Kisha akajinyoosha, akatabasamu, akatazama kile kikombe cha pili kana kwamba anajiuliza nani amekileta, akakichukua akaenda kukiosha.

"Umeona alivyofurahi?" Herman akaniambia. Nilimwona. Moyo wangu haukupenda.

Siku ya ngoma ikafika, uwanja umejaa mpaka watu wako juu ya matoroli. Bagika wakaanza kwa kishindo, watu wakawakimbilia. Mihayo anaimba, sauti inamkauka, watazamaji wake ni shangazi zake. Jua likashuka likagusa vichaka. Hapo Herman akafungua kopo.

Jua likasimama. Nawaambia likasimama, na ngoma ya Mihayo ikakolea, watu wakaanza kumwagika upande wake, Bagika wanabaki midomo wazi. Mihayo akaruka juu kwa furaha. Kisha mpiga ngoma wake mkubwa akaacha kupiga. Akageuka akatazama barabara. Wa pili naye akaacha. Ukafuata uwanja mzima upande ule: watu wameshika viuno, wametazama barabara linakotokea basi, kimya. Mwanamke mmoja akalia, "Mwanangu yuko Geita na hajaniletea hata salamu." Mzee mmoja akamtaja kaka yake aliyekwenda Mwadui. Mihayo mwenyewe akakaa chini akamwita mama yake, aliyekwisha kuzikwa zamani. Zile zilikuwa saa za Maniben zimefunguliwa, na saa zile hazikuwa za kuchezea ngoma. Watu walizingoja hapo mpaka zikaisha zote, jua likazama, na Bagika wakashinda kwa sababu wao ndio pekee waliokuwa bado wanacheza. Ndama akabaki kwa Mihayo. Herman alirudi nyumbani amenywea, hakutaka hata uji.

"Hazikuwa saa za bure," akaniambia. "Nilidhani anapoteza muda. Kumbe alikuwa anafanya kazi."

"Nilikwambia."

"Uliniambia."

Sasa tazama Mungu alivyo. Haikupita wiki, basi la Isaka likasimama mbele ya duka, akashuka Ishwarlal. Kipara, kitambi, koti la sufu kwenye jua lile. Amepewa likizo fupi na kiwanda chake, na keshokutwa anaondoka tena. Kanji alitoka mbio akiangusha majora ya vitambaa, wakakumbatiana, wakalia. Sisi wote wa mtaa tukajaa barazani. Ishwarlal akasogea hadi mlango wa ndani, akasema, "Mama."

Maniben alikuwa anachambua mchele. Akainua macho. "Ndimu ziko wapi?"

"Mama, ni mimi. Ishwar."

"Najua ni wewe. Nimekutuma ndimu sokoni, umerudi mikono mitupu." Akamtazama vizuri. "Na nywele umezipeleka wapi?"

Tulicheka. Ndiyo, tulicheka, mpaka tulipomwona kijana wa watu uso wake. Kwa mama yake hakuwa ameondoka. Hapakuwa na miaka, hapakuwa na barabara, hapakuwa na chai iliyopoa. Ishwarlal akaja akakaa kwenye meza ya Herman, koti lake bado mwilini, akasema: "Fundi, miaka yote kule nilijitayarisha. Nilijua atanilaani, nilijua atanipiga. Nilikuwa nimeshatunga na maneno ya kumwomba radhi. Hata kunipiga hakunipiga. Yaani nimerudi kwa nani?"

Mume wangu aligeuka rangi. Akaingia ndani kwa Kanji akamweleza yote. Kanji hakupiga kelele. Alisema neno moja tu, "Rudisha," akaendelea kuzikunja nguo.

Rudisha! Utarudisha nini, na zimeshaliwa na uwanja mzima? Bahati nzuri, au mbaya, kesho yake sukari ilifika na watu wakajipanga wenyewe bila mawe. Herman akakimbia akachota foleni yote, akamfungulia Maniben kopo. Maniben akapiga miayo mbele ya mwanawe, akamuuliza kama na sabuni imefika, akalala pale pale na ungo mapajani.

"Lazima ziwe za aina ile ile," Herman akaniambia nyumbani. "Za kumngoja mtu unayempenda." Akalikumbatia kopo kifuani, akafumba macho, akahema mara nyingi. Springi haikujigusa.

"Ewe mwanamume," nikamwambia, "wewe umewahi kumngoja nani?"

Akafumbua macho. Kisha akanitazama. Nami nikaelewa alichokuwa anatazama, zile saa zangu za kizingitini, nikaruka.

"Thubutu! Yaya!" Kisukuma kikanitoka. "Hizo hapana!" Ndizo zilikuwa silaha yangu, jamani. Ugomvi wetu wote tangu arudi niliukata kwenye nguo ile ile: Geita, Bugarama, nyumba inavuja, wewe uko wapi. Nikishazitoa, nitamgombeza kwa lipi? Ya vyombo? Hakuniomba. Aliliweka kopo chini akatoka nje, akakaa.

Nilikaa na hasira zangu, nikamfikiria yule kijana na koti lake. Nikakumbuka siku wangu huyu aliporudi na kikohozi chake. Nilimkaripia mpaka mtaa ukasikia, naye alikuwa ameinamisha kichwa, anatabasamu mjinga yule, kwa sababu kelele zile ndizo zilimwambia amefika. Ishwarlal hakuwa na mtu wa kumkaripia. Alikuwa ameshuka basi lakini hajafika, na kesho anapanda tena. Nikaona uchungu. Nikalichukua kopo nikalipakata, nikafikiria ile barabara, nikahema.

Wanasema springi ililia kama mtoto. Mimi ninachokumbuka ni kumwona Herman amepiga magoti mbele yangu analia, nami namuuliza: "Baba Sikujua, kwani tulikuwa tunazungumza nini?" Tangu siku ile najua kwamba aliniacha nikamngoja, kama ninavyojua kwamba Tabora iko kusini. Nimeambiwa, naamini, ila hapaumi mahali.

Asubuhi, Ishwarlal ameshashika sanduku, Herman akamfungulia Maniben kopo. Yule mama alisimama. Ungo ukaanguka, mchele ukatapakaa. Akamtazama mwanawe, akamwendea, akamtandika kofi, na jingine, kisha akamshika mashavu kwa mikono yote miwili akapiga yowe lililosikika mpaka sokoni. "Dikra! Mwanangu!" Akalia, akamlaani kwa Kigujarati, akamlaani kwa Kiswahili cha haraka ambacho hatukumjua nacho. "Umeniacha na nyumba inavuja! Mahindi nimepalilia peke yangu! Mama yako ananiambia subira, subira, unadhani subira inapikwa?" Kanji alipigwa na butwaa. Mkewe hajawahi kushika jembe maishani, na nyumba yao ilikuwa ya bati jipya. Mimi nilitazama pembeni nikijitia sijui maneno yale ametoa wapi. Ishwarlal alikuwa ameketi sakafuni chini ya makofi, kipara kimewiva, anacheka na kulia, anasema, "Nipige mama, nipige tena."

Basi lilimngoja. Dereva alipiga honi mpaka akachoka naye akashuka kutazama. Ishwarlal alipoondoka, Maniben alimsindikiza hadi mlango wa basi, na alasiri ile ile akatoa kiti chake na vikombe viwili.

Herman alilivunja kopo mbele yangu. Springi akairudisha kwenye saa ya Kanji, na iko pale hadi leo, na wateja wanasema ikikaribia saa ya basi la Isaka inajivuta. Hakuchota tena muda wa mtu. Mafundi wawili watatu aliowafundisha wanatengeneza saa tu, na mmoja wao redio, vibaya.

Kwetu nyumbani amani ilizidi mpaka ikachosha. Nilianza ugomvi nikakosa pa kuushikia. Yeye ndiye aliyeumia: akawa ananichokoza makusudi, anamwaga maji kwenye unga, anasema "Mama Sikujua, hebu nikumbushe habari za Bugarama," nami namwambia mwache mtu alale. Na alibadilika. Nikienda sokoni nikichelewa, namkuta kizingitini ametazama njia. Nikamwambia haya, na wewe jifunze.

Kile kikohozi kilimchukua masika moja, kabla miaka ile ya themanini haijaisha. Tulimzika Ushetu, kwao. Sikujua alikuja kutoka Geita, akakaa nami, akaniona jioni ninavyotoka nje na nisivyogusa chakula. Akavumilia siku kadhaa, kisha akasema: "Mama, nimwendee mzee Kanji atupe ile springi? Fundi yeyote ataifunga kwenye kopo. Utapumzika."

Nilimkaripia, naye hakutegemea, maana hajanisikia nikikaripia kwa miaka. Nikamwambia aketi na asiguse kitu cha mtu. Zile saa za ujana wangu, nikamwambia, nilizitoa zote, mwanangu, sikubakisha hata moja, zilikwenda kwa Maniben, na sijutii. Baba yako mimi nimeanza kumngoja sasa, na sitaki mtu aniharakishe.